Mruko wa Nne wa Cirhuza

Sehemu ya saba

Njiti ya kiberiti iliendelea kuwaka kati ya vidole vya Destin.

Msomaji, ndipo tulipoachana. Ni chumba kimoja cha Nyawera, Alhamisi asubuhi. Papa Tambwe, muzee wa miaka sabini na saba aliyeonyesha sinema Bukavu tangu ujana wake, ameketi na boksi la bati mapajani. Euphrasie, mwalimu wa gym, amebanwa ukutani. Salwa, mjukuu wa Tambwe, yuko pembeni na kompyuta yake. Na mlangoni amesimama Destin, dereva wa patron Didier, tajiri wa malori.

Ndani ya boksi mlikuwa na filime ya mwaka 1912, ya enzi za sinema bila sauti. Ndani ya filime mlikuwa na mwanaume wa Mudaka akiruka juu ya fimbo iliyopita kofia ya Mzungu.

Patron Didier alikuwa ametangaza kila mahali kwamba mwanaume huyo ni babu yake Mushagalusa. Jumapili angefungua terrain, kiwanja cha michezo, kule Mudaka kwa jina la babu huyo. Euphrasie naye alijua kwamba mrukaji ni Cirhuza, jina ambalo ukoo wake umelitamka kwa sauti ya chini kwa zaidi ya miaka mia moja. Cirhuza mwizi. Cirhuza aliyeiba ng'ombe wa Mzungu akavuka mto Ruzizi, asirudi tena.

“Muzee, leta ile filime,” Destin alisema. “Patron anaitaka leo.”

“Zima ile moto kwanza.”

“Leta kwanza.” Destin alisogea, njiti ikawa juu ya boksi lililo wazi.

“Mutoto wangu, filime ya zamani haiko kama ya leo. Ile waliitengeneza na kitu moja na baruti. Minakuomba. Mujukuu wangu iko humu ndani.”

“Uko nanidanganya, muzee.”

Baadaye Destin ataapa kwamba hakuirusha. Ataapa kwamba njiti ilimuunguza kidole akaiachia. Huenda ni kweli. Ilianguka ndani ya boksi.

Haikuwaka kama karatasi inavyowaka. Ilipiga mluzi kwanza, kisha ndimi za moto mweupe zikaruka hadi dari.

Tambwe angeweza kulitupa boksi. Mbele yake palikuwa na mlango, na kando ya mlango alikuwa Salwa. Kwa hiyo hakulitupa. Alilikumbatia kifuani, akageuka, akaupa ukuta uso wake na wao akawapa mgongo.

“Koko!” Salwa alimlilia babu yake. “Koko, achilia!”

Euphrasie alinyakua ndoo ya maji akammwagia. Moto uliendelea kuwaka ndani ya maji yenyewe, kana kwamba amemwaga petroli. Moshi wa rangi ya kutu ulijaa chumba. Majirani waliwavuta nje kwa miguu, mmoja mmoja, na Destin alikuwa amekwisha kutoweka, nyusi zimeungua.

Yote hayo hayakumaliza dakika mbili.

*

Hospitalini, docteur Camille alimvuta Euphrasie kando. Alikuwa mwanamke kijana, na macho yake yalikuwa mekundu kwa uchovu.

“Mikono na kifua tungejaribu,” alisema. “Shida ni ile moshi. Mapafu yake inajaa maji. Kama kuna neno ya kumuambia, muambie sasa.”

Tambwe alikuwa amefungwa bendeji hadi shingoni. Aliposikia hatua, alifungua macho.

“Prof. Tulifika wapi?”

“Papa Tambwe, usiseme. Pumuzika.”

“Tulifika wapi, nimeuliza.”

Kwa siku tano walikuwa wamefanya kazi kwenye dirisha la chumba kile, kwa mwanga wa jua peke yake, maana taa ingeweza kuiwasha filime. Tambwe aliinyoosha kwenye kioo kidogo kidogo, urefu wa vidole viwili kila mara. Euphrasie alipiga kila kipicha kwa simu. Salwa alivipanga kwenye kompyuta, na Cirhuza akaanza tena kukimbia. Mruko wa kwanza, fimbo ilikuwa sawa na kifua cha Mzungu. Wa pili, ilifika kwenye kofia. Wa tatu, Mzungu alisimama chini ya fimbo, akanyoosha mkono juu, na vidole vyake havikuigusa.

“Mruko wa nne,” alijibu. “Mbio hatukuona, vipicha vichache tu. Yuko juu. Pale njo filime ilishikana, tukashindwa kuendelea.”

“Tukamuacha kule juu.”

“Imeungua, Papa. Yote imeungua.”

“Hapana.” Kifua kilikoroma. “Ule mwisho niliukata jana. Ulikuwa umenata, nikauweka mahali pa baridi ili uachane. Muulize Mwanvita. Ndani ya nyungu.”

Euphrasie aliinama karibu zaidi.

“Mumushushe ule mutu,” muzee alinong'ona. “Hata kama anaanguka vibaya. Mumushushe.”

Alikata roho saa tano. Saa kumi jioni, Waislamu wa Nyawera walikuwa wamekwisha kumzika, na patron Didier hakuonekana makaburini wala hakutuma mtu.

*

Ijumaa asubuhi Mwanvita, mjane wa Tambwe, aliwapokea wageni wa matanga akiwa ameketi chini, miguu imenyooka. Aliponong'onezwa na Euphrasie, aliinuka, akaingia chumba cha nyuma, akarudi na nyungu ndogo ya udongo iliyofunikwa kitambaa chenye maji.

“Bwana yangu amekufa juu ya hii,” alisema. “Sasa mutaiangalia yote. Hata kama ni mbaya. Mumenisikia?”

“Ndiyo, maman.”

Filime ilikuwa imeachana. Mita sita tu, vipicha mia tatu na kumi na viwili. Waliifanya kazi kwenye dirisha la Mwanvita huku wanawake wakisoma dua upande wa pili wa pazia. Ilipofika saa nane, Salwa alibonyeza.

Sekunde ishirini, msomaji. Nitakuambia walichokiona.

Zamani aliyeiunga filime alikuwa amechanganya vipande, kwa hiyo mwisho huu ulirudi nyuma kuliko walivyodhani, kwenye maandalizi ya mruko. Kijana mmoja mwembamba anaingia kutoka kushoto. Ameshika kibuyu. Anachuchumaa kwenye lile jiwe bapa ambalo Cirhuza hulikanyaga ili kupaa. Anainamisha kibuyu, anapaka jiwe kwa kiganja, kama anayelisafisha. Anaondoka. Mzungu anatazama pengine.

Cirhuza anakuja mbio. Ni mrefu, mwepesi, na anacheka. Ndiyo, anacheka, meno yake yanaonekana wazi. Mguu wa kulia unakanyaga jiwe.

Mguu unateleza.

Anapaa hivyo hivyo, kwa nguvu aliyokuwa nayo, lakini mwili umepinda. Kiuno kinaikosa fimbo, kichwa kinatangulia chini. Anatua kwa kisogo.

“Astaghfirullah,” Salwa alisema.

Hakuna sauti. Vinywa vya watu vinafunguka vyote pamoja. Mwanaume mmoja anatoka kundini mbio, anapiga magoti, anakiweka kichwa cha Cirhuza mapajani mwake. Mbwa anapita. Na Mzungu anakuja na kamba ya kupimia. Anampita Cirhuza pale chini, anaiendea fimbo, anapima urefu wake na kuandika kwenye kitabu kidogo.

Kisha weupe. Basi.

Euphrasie aligundua kwamba ameshika shingo yake mwenyewe kwa mikono miwili.

“Hakuiba kitu,” alisema. “Shingo imevunjika. Mutu wa vile atavuka Ruzizi na ng'ombe namna gani?”

“Walimuua.” Salwa alirudisha picha nyuma hadi kwa kijana wa kibuyu. Alikuza uso mpaka ukawa madoa. “Huyu hapa. Unajua ni nani?”

“Mushagalusa,” Euphrasie alikisia.

“Babu ya Didier. Anaua ule mwenye kuruka, anachukua jina yake. Na mujukuu wake anakuja kuua koko yangu ili tusione.” Salwa alifuta pua kwa kiganja. “Sasa tumeona.”

Pazia lilifunguliwa. Mwanvita alisimama pale, uso mkavu.

“Amekuja,” alisema.

“Nani, koko?”

“Ule mwenye gari.”

*

Lakini Didier hakuja na gari. Alikuja kwa miguu, peke yake, koti limelowa jasho, mfuko wa mchele begani kama kuli. Wanawake wa dua walinyamaza.

“Maman Mwanvita,” alisema, “sina maneno.”

“Basi usiseme.”

“Destin nilimutuma kuomba. Sikumutuma kuchoma.”

“Ulimuambia nini wakati alitoka kwako?”

Didier aliutua mfuko chini.

“Nilimuambia asirudi mikono mitupu.”

“Alirudi mikono mitupu,” Mwanvita alisema. “Na mimi pia niko mikono mitupu. Beba muchele yako.”

Hakuubeba. Alisimama tu pale, mtu wa malori sita na nyumba ya ghorofa, akitazama viatu vyake. Euphrasie hakuweza kuvumilia zaidi. Aliichukua kompyuta, akamwekea Didier mbele ya macho.

“Njoo uangalie babu yako, patron. Umemutafuta sana.”

Didier alitazama mara ya kwanza bila kupepesa. Akaomba mara ya pili. Mara ya tatu alianza kulia, machozi ya mtu mzima asiyejua kulia, na Salwa akatabasamu kwa chuki.

“Umemuona?”

“Nimemuona.” Alinyoosha kidole. “Huyu hapa.”

Kidole hakikuwa kwa kijana wa kibuyu. Kilikuwa kwa yule mwanaume aliyepiga magoti na kukilaza kichwa cha Cirhuza mapajani.

“Uongo!” Salwa alifoka.

Didier aliingiza mkono kotini, akatoa picha ya zamani iliyokuwa ikitundikwa sebuleni kwake. Ilionyesha mwanaume mwenye bangili za shaba kutoka kifundo hadi kiwiko cha mkono wa kushoto. Nyuma, kwa wino uliofifia, mkono wa Kizungu ulikuwa umeandika: *Mushagalusa, Mudaka.*

Euphrasie alirudi kwenye filime. Mwanaume aliyepiga magoti alikuwa na bangili, kifundo hadi kiwiko, mkono wa kushoto. Kijana wa kibuyu alikuwa na mikono mitupu.

“Batu ya kwetu walisema siku zote babu alikuwa ndani ya sinema ya Wazungu,” Didier alisema. “Mimi njo nilisema alikuwa mwenye kuruka. Niliona inafaa. Wakati filime ilipatikana, nikaogopa haya. Ni haya tu ilinisukuma, prof. Sikujua inaweza kuua mutu.”

“Sasa huyu wa kibuyu ni nani?”

“Sijue. Haiko wa kwetu.” Alijifuta uso kwa mkono wa koti. “Jina kwenye terrain nitabadilisha. Kesho. Nitaandika Cirhuza.”

“Na koko yangu utamubadilisha na nani?” Salwa aliuliza.

Didier aliirudisha picha kotini. Aliondoka, na mfuko wa mchele ukabaki pale chini. Hakuna aliyeugusa.

“Mimi simuamini,” Salwa alisema alipokwisha kwenda. “Bangili kila mutu anaweza kuvaa.”

“Salwa, tungojee. Kesho nitapanda Mudaka kwa koko yangu. Yeye anajua sura za watu wa zamani.”

Salwa aliifunga kompyuta. Aliiweka kwapani, akaingia chumba cha nyuma.

*

Jumamosi, saa nne, pikipiki ya abiria ilimshusha Euphrasie Mudaka. Alipita kando ya terrain mpya. Wafanyakazi walikuwa wakichora mistari kwa chokaa, na wengine wakisawazisha udongo kwa mabeleshi. Katikati yao alimwona Didier juu ya ngazi, akifungua kwa mikono yake misumari ya kibao chenye jina la babu yake.

Koko Nathanaël, miaka themanini na sita, alikuwa ameketi uani kwenye kiti cha mianzi. Ndiye kitinda mimba wa ukoo. Mama yake alikuwa mke wa Cirhuza, na Cirhuza alipotoweka, mdogo wa Cirhuza, Murhula, alimrithi mjane huyo kama desturi ilivyotaka. Nathanaël na kaka zake ni damu ya Murhula, lakini kilima chote kiliwahesabu kuwa wana wa Cirhuza. Wana wa mwizi. Rosette, binti yake na mama wa Euphrasie, huitwa hivyo sokoni hadi leo, hata anapouza maharagwe yake mwenyewe.

“Koko, nimekuletea kitu,” Euphrasie alisema. “Cirhuza hakuiba. Angalia.”

Alimwekea simu mkononi. Muzee aliisogeza hadi karibu na pua, maana jicho moja tu lilikuwa bado zima. Rosette alisimama nyuma yake na ungo wa maharagwe.

Kijana wa kibuyu aliingia kutoka kushoto.

Nathanaël hakungoja Cirhuza aanguke. Aligeuza simu, kioo kikatazama chini, akaiweka juu ya goti.

“Koko, haujaona mwisho.”

“Sina haja ya mwisho.”

“Umemujua ule kijana?”

Kuku walidonoa miguuni pa muzee.

“Anatembea vile kaka yangu mukubwa alikuwa anatembea,” alisema hatimaye. “Bega moja chini. Ule ni baba yangu.”

Ungo ulimtoka Rosette. Maharagwe yalitawanyika uani.

“Papa, unasema nini?”

“Ule ni Murhula. Ni mafuta ya ng'ombe njo ilikuwa ndani ya kibuyu. Aliniambia mwenyewe mbele ya kufa. Nilikuwa na miaka kumi na saba.”

“Ulijua?” Euphrasie aliuliza. “Koko, miaka yote hii ulijua?”

“Nilijua.”

Naye alisema, msomaji, kwa sauti ya mtu anayetapika. Walitoka watu watatu Mudaka kwenda kwenye posti ya Wazungu kando ya ziwa: Cirhuza, mdogo wake Murhula, na rafiki yao Mushagalusa. Mzungu aliahidi ng'ombe kwa atakayeruka juu kuliko wote. Murhula pia alikuwa mrukaji. Lakini mbele ya Cirhuza alikuwa si kitu, wala machoni pa mke wa Cirhuza, ambaye yeye Murhula alimtamani.

“Alisema alitaka tu kaka aanguke batu bacheke. Pengine ni kweli. Cirhuza alikufa siku ya tatu. Mzungu aliamuru bamuzike pale pale, na asubuhi ile akamutuma Mushagalusa mbali, kubeba mizigo. Baba yangu akarudi Mudaka peke yake na ile ng'ombe ya zawadi. Akasema: kaka ameiba, amekimbia, na mimi Mzungu amenipa hii juu nilisema ukweli.”

“Na batu bakaamini?”

“Ng'ombe ilikuwa pale, wanaiona. Mujukuu wangu, sisi bote tulikomaa na maziwa ya kizazi cha ile ng'ombe.”

“Lakini Mushagalusa aliona!” Euphrasie alisema. “Alishika kichwa yake! Juu ya nini hakusema?”

“Alirudi kisha miaka sita. Akakuta mama yangu iko na batoto watatu ya Murhula. Akikuja na ukweli, batamuua baba, na mama na batoto bafukuzwe kwenye kilima. Akanyamaza.” Nathanaël alifunga jicho lake. “Alinyamaza juu yetu. Mpaka kaburi.”

Euphrasie aliketi chini, kwenye maharagwe. Kwa mwaka mzima alikuwa ameitafuta filime hii ili aoshe jina la ukoo wake. Papa Tambwe aliilipia kwa mapafu yake.

Ndipo simu ikaanza kulia juu ya goti la muzee. Ikakatika, ikalia tena. Ujumbe, ujumbe, ujumbe. Réseau, mtandao wa simu, ilikuwa imerudi.

Ujumbe wa kwanza ulikuwa wa Fanny, mwalimu mwenzake: *Umeona ile vidéo? Bukavu yote inaiangalia.*

Euphrasie alifungua. Ilikuwa filime yao, sekunde ishirini. Salwa alikuwa ameuzungushia duara jekundu uso wa kijana wa kibuyu. Chini aliandika: *Huyu ni babu ya Didier, muuaji. Na juzi Didier ameua koko yangu Tambwe. Yuko Mudaka sasa.*

Ilikuwa imewekwa masaa mawili yaliyopita.

“Maman,” Euphrasie alisema, “ile kelele ni ya nini?”

Wote watatu walisikiliza. Ilitoka upande wa terrain. Haikuwa kelele ya watu wanaofanya kazi.

Alimpigia Salwa. “Futa! Salwa, futa sasa hivi! Haiko Mushagalusa, ni mutu wa kwetu! Ni wa kwetu!”

“Unasema nini?”

“Futa, batu beko namuua Didier!”

“Nikifuta sasa itasaidia nini?” Sauti ya Salwa ilikuwa imebadilika, imekuwa ndogo. “Prof, bameshaichukua bote. Iko kila mahali.”

Nathanaël alikuwa anajaribu kusimama. Euphrasie alimshika kiwiko.

“Koko, sema ndani ya simu. Nitatuma. Dakika moja tu.”

“Simu itafika amekufa. Nipe fimbo yangu.”

Rosette aliruka langoni, akaziba njia kwa mikono miwili.

“Papa, hautoki! Bamenitukana sokoni juu ya ng'ombe, ng'ombe hata sikuiona. Sasa ukisema damu, bataturudilia sisi. Batabomoa hii nyumba. Ule Didier ni tajiri, iko na batu yake, atajitetea!”

“Rosette.”

“Amemuua muzee wa Nyawera! Aache alipe!”

“Ya muzee wa Nyawera atalipa. Hii ingine haiko yake.” Aliuweka mkono wake mkavu juu ya shavu la binti yake. “Babu yake alitukinga miaka yote. Toka mu njia, mutoto wangu.”

Rosette hakutoka. Muzee alipita chini ya mkono wake, polepole, kama anayeingia kanisani.

*

Kwenye terrain palikuwa na watu kama mia mbili. Wafanyakazi wa asubuhi walikuwa miongoni mwao, na mabeleshi yao. Ngazi ilikuwa imelala chini. Didier alikuwa amepiga magoti kwenye mstari wa chokaa, shati limechanika hadi kitovu, jicho moja limefumba. Hakuwa na watu wake. Walikuwa wamekimbia jiwe la kwanza liliporushwa.

“Muuaji mutoto wa muuaji!” mtu alipiga kelele.

Jiwe lilimpata Didier begani. Hakuinua hata mkono.

Euphrasie aliingia kwa viwiko, akifungua njia kwa ajili ya koko. Aliwatambua. Wanafunzi wake wa zamani walikuwemo, na muuza mikate, na mwanaume aliyemwalika mwaka jana kwenye ubatizo wa mwanawe. Kila mmoja alikuwa ameshika simu mkono mmoja na jiwe mkono wa pili.

Nathanaël alifika mbele. Alikiinamia kichwa cha Didier, akakishika kama anayekibariki, kisha akageuka.

“Munanijua?”

“Tunakujua, muzee. Toka pale, utaumia.”

“Ule mwenye kibuyu, ninyi hamumujui. Mimi namujua. Alinifundisha kulima. Alinichapa. Nilimuzika.” Sauti yake haikuwa kubwa, lakini walionyamaza waliwanyamazisha wengine. “Jina yake ni Murhula. Ni baba yangu. Mukitafuta mutoto ya muuaji, mumemupata. Huyu mumuachilie.”

Mkono mmoja ulishuka, na jiwe likaanguka kwenye chokaa. Mkono mwingine. Euphrasie alianza kupumua.

Kisha mwanaume mmoja mwenye beleshi, mrefu, uso ambao Euphrasie hakuujua, alisogea mbele. Alimpita Didier bila kumtazama. Alisimama mbele ya muzee, akampima kutoka juu hadi chini.

“Kwa hiyo wezi, na wauaji pia,” alisema. “Miaka mia mumekaa kwenye hii kilima mukitudanganya.”

“Ndiyo,” Nathanaël alijibu.

“Na huyu mwanamuke? Huyu naye ni mutoto ya nani?”

Watu mia mbili walimgeukia Euphrasie.

“Ni wangu.”

Watu waligawanyika. Rosette alikuwa anakuja katikati yao, bila kitambaa kichwani, maharagwe yamemnata kwenye magoti. Alitembea hadi kwa mwanaume yule, akasimama kati yake na muzee na Euphrasie, karibu sana kiasi cha kugusana.

“Ni wangu,” alirudia. “Na mimi ni wa huyu muzee. Tuko bote hapa. Hakuna mwingine kwenye nyumba. Sasa fanya vile ulikuja kufanya.”

Mwanaume aliliinua beleshi. Na hapo, msomaji, ndipo tunapoachana tena.